Ubao wa Namba Changamano: Shajara ya Kuuchora Mlinganyo wa Bombelli

Jumamosi, juma la kwanza

Leo tumeanza kazi niliyoiahirisha kwa mihula miwili. Tunatengeneza ubao mkubwa wa kutundikwa ukutani, ambao juu yake namba changamano, yaani namba kama 2 + i ambamo i ni kipeuo cha pili cha −1, zitawekwa mahali pake kwa misumari na nyuzi, ili wanafunzi wa kidato cha sita waweze kuzipima kwa rula na kipimapembe badala ya kuziamini kwa sababu tu zimo kitabuni. Kila mwaka wanafunzi wangu huzidisha namba changamano mbili bila kosa, lakini nikiwauliza ni jambo gani lililoipata namba ya kwanza ilipozidishwa kwa ya pili, hunirudishia hatua za hesabu moja baada ya nyingine. Hatua hizo ni sahihi, ila si jibu la swali nililouliza.

Nimeamua kwamba ubao hautajazwa nukta za kubahatisha. Utabeba mlinganyo mmoja, x³ = 15x + 4, ambao Rafael Bombelli, mhandisi wa Kiitalia aliyefanya kazi ya kukausha vinamasi, aliushughulikia katika kitabu chake cha aljebra cha mwaka 1572. Yeyote anaweza kuhakiki kwamba 4 ni jibu lake, kwa kuwa 64 ni sawa na 60 ikijumlishwa na 4. Hata hivyo, kanuni ambayo Cardano, mwanahisabati wa Kiitalia, aliichapisha mwaka 1545, ikitumiwa hapa, inadai kwanza tutafute kipeuo cha pili cha 4 − 125, yaani cha −121, ambacho ni 11i, na hapo ndipo inapojitokeza 2 + 11i. Kanuni inasema kwamba x ni kipeuo cha tatu cha 2 + 11i kikijumlishwa na kipeuo cha tatu cha 2 − 11i. Bombelli alitambua kwamba vipeuo hivyo ni 2 + i na 2 − i, ambavyo jumla yake ni 4. Jibu ambalo mtoto wa shule ya msingi angeweza kulihakiki lilipatikana kwa kupita katika namba ambazo wakati huo hazikuwa na mahali popote pa kuchorwa.

Ubao wa plaiwudi wa futi 4 kwa 8 tumeukata katikati, tukapata mraba wa takriban sentimita 122 kila upande. Kizio kimoja kitakuwa sentimita 5, hivyo kila mhimili utaanzia −12 hadi 12. Nilihesabu hivyo kwa makusudi, kwa sababu 2 + 11i iko umbali wa kipeuo cha pili cha 125 kutoka kwenye kitovu, yaani 11.18, na kwa kipimo hicho ni sentimita 55.9. Inaenea, na inabaki nafasi ya vidole viwili ukingoni.

Jumatatu

Kabla ya kupiga rangi tumekubaliana juu ya maneno yatakayoandikwa ubaoni. Wanafunzi hujifunza somo hili kwa Kiingereza na hulijadili kwa Kiswahili, na katikati ya lugha hizo mbili ndipo maana inapopotelea. Mhimili wa mlalo tumeuita mhimili wa halisi, na wa wima mhimili wa kufikirika. Umbali wa nukta kutoka kwenye kitovu ni urefu wa namba, na mzunguko kutoka upande chanya wa mhimili wa halisi, kinyume na mwendo wa mishale ya saa, ni pembe ya namba.

Neno “kufikirika” halinipendezi, nalo lina historia yake: Descartes, mwanafalsafa wa Kifaransa, alilitumia kwa namba hizi mwaka 1637, nalo likadumu. Mwanafunzi mmoja aliniuliza, “Mwalimu, kama ni za kufikirika tu, mbona zina mahali pake?” Nilimwambia aliweke swali hilo mpaka ubao ukamilike. Tumeliacha neno kwa kuwa mtihani utalitumia, lakini nimesisitiza kwamba 3i iko ubaoni kwa haki ileile iliyo nayo 3.

Jumatano

Fundi seremala amekuja kuweka mihimili. Sikuwa nimemweleza lolote juu ya hesabu yetu. Alichora mstari wa mlalo, akapima sentimita 60 kutoka kwenye kitovu, akachora mstari wa wima na kupima sentimita 80 juu yake, hata ukapita ukingo wa ubao na ikabidi aegemeze kipande cha mbao, kisha akanyoosha futikamba kati ya alama hizo mbili na kuusogeza mstari wa wima mpaka iliposoma mita moja kamili. “Hii ni tatu, nne, tano, Mwalimu,” alisema. “Bila hiyo msingi wa nyumba haukai skwea.”

Nilimshukuru, na nikawaita wanafunzi waje waone alama zake kabla hazijafutwa. Namba 3 + 4i ina sehemu halisi 3, sehemu ya kufikirika 4, na urefu 5. Kila fundi anayechora msingi wa nyumba anaitumia pembetatu hiyohiyo, na sisi tutaikuta tena mbele, mahali ambapo sikutarajia ingewagusa wanafunzi kiasi kile.

Alhamisi

Misumari sita ya mwanzo imepigwa: 1, i, 2 + i, 3 + 4i, 2 + 11i na 2 − 11i. Msumari wa 3 + 4i uliwekwa kwanza kwenye 4 + 3i, na kosa hilo halikuonekana upesi kwa sababu urefu ni uleule, 5. Rula peke yake haitofautishi nukta hizo mbili. Kipimapembe ndicho kilichotuonyesha digrii 36.87 mahali palipotakiwa 53.13. Tangu hapo tumeweka utaratibu kwamba kila msumari unahakikiwa kwa vipimo viwili, urefu na pembe, kabla ya kugongwa mpaka mwisho.

Wakati rangi inakauka nilizungumza nao juu ya Caspar Wessel. Alizaliwa Norwe mwaka 1745, akafanya kazi ya upimaji wa ardhi nchini Denmark, na tarehe 10 Machi 1797 makala yake juu ya kuwakilisha mielekeo kwa hesabu iliwasilishwa mbele ya chuo cha kifalme cha sayansi cha Denmark. Ilichapishwa mwaka 1799 kwa Kidenmaki, na kwa takriban miaka mia moja hakuna aliyeijali. Jean-Robert Argand alichapisha wazo kama hilo mjini Paris mwaka 1806, na ndiyo maana vitabu vya shule hulitaja jina lake; Gauss, mwanahisabati wa Kijerumani, alilipa wazo hilo uzito mwaka 1831. Naona inafaa kabisa kwamba mpima ardhi ndiye aliyetangulia. Mtu ambaye kazi yake ya kila siku ni kuandika “nenda umbali huu, kisha geuka pembe hii” hakuhitaji kushawishiwa kwamba umbali na pembe vinaweza kubebwa na namba moja. Kutoka kitabu cha Bombelli mpaka makala ya Wessel ilipita miaka 225, na muda wote huo wanahisabati walizitumia namba hizi bila kuwa na bapa, yaani uso tambarare wenye mihimili miwili, la kuziweka.

Jumamosi, juma la pili

Hii ndiyo siku iliyokuwa na uzito mkubwa kuliko zote, na nitaiandika kwa urefu.

Kazi ilikuwa kuonyesha kwa uzi kwamba kipeo cha tatu cha 2 + i, yaani (2 + i)³, ni 2 + 11i. Kwa hesabu ni rahisi: (2 + i) ikizidishwa kwa yenyewe inatoa 4 + 4i − 1, yaani 3 + 4i, na 3 + 4i ikizidishwa kwa 2 + i inatoa 6 + 3i + 8i − 4, yaani 2 + 11i. Wanafunzi waliandika mistari hiyo miwili chini ya dakika moja. Kisha mmoja wao akanyamaza, akautazama ubao, akasema kwamba namba ya katikati ni ile ya fundi. Ndivyo ilivyo. Tatu, nne, tano ya msingi wa nyumba inakaa katikati ya njia iendayo kwenye namba ya Bombelli.

Tukafunga uzi kwenye msumari wa 1, tukaupeleka kwenye 2 + i, kutoka hapo hadi 3 + 4i, na mwisho hadi 2 + 11i. Kutoka kwenye kitovu tukavuta nyuzi nne za rangi nyingine hadi kwenye kila msumari. Zikatokea pembetatu tatu zilizoshikana, kila moja kubwa kuliko iliyotangulia, mfano wa kombe la konokono linavyofunguka. Tulipima pembe zilizo kwenye kitovu: ya kwanza ilisoma digrii 26 na nusu, ya pili vilevile, ya tatu pungufu kidogo ya 27. Thamani halisi ni 26.57 kwa zote tatu. Tukapima pande zinazokikabili kitovu: sentimita 7.1, 15.8 na 35.4. Nikawaambia wagawe ya pili kwa ya kwanza, na ya tatu kwa ya pili. Mara zote mbili walipata takriban 2.24, ambayo ni kipeuo cha pili cha 5, yaani urefu wa 2 + i yenyewe.

Hapo nilirudia swali langu la siku zote: ni jambo gani linaloipata namba ikizidishwa kwa 2 + i? Safari hii sikurudishiwa hatua za hesabu. Walisema kwamba pembetatu yote inainuliwa, inazungushwa digrii 26.57, inakuzwa mara 2.24, na inawekwa juu ya ile iliyotangulia. Urefu unazidishwa kwa urefu, na pembe inajumlishwa na pembe. Digrii 26.57 mara tatu ni 79.70, na hiyo ndiyo pembe ya 2 + 11i. Kipeuo cha pili cha 5, kikipandishwa kwenye kipeo cha tatu, ni 11.18, na huo ndio urefu wake.

Tulimalizia kwa kuzidisha kwa i. Urefu wa i ni 1 na pembe yake ni digrii 90, kwa hiyo kuzidisha kwa i hakukuzi kitu, kunageuza tu robo ya mzunguko. Ukiigeuza 1 mara moja unafika i. Ukigeuza tena unafika −1. Mwanafunzi aliyekuwa ameweka swali lake tangu Jumatatu aliweka kidole kwenye 1, akakipeleka juu, kisha kushoto, na hakuuliza tena.

Jumatatu, juma la tatu

Sasa tunahitaji vipeuo vyote vitatu vya 2 + 11i, maana 2 + i ni kimoja tu. Tuliandika programu fupi ya Python itoe nukta na kuzichora kwenye skrini kabla ya kutoboa ubao. Lugha hiyo huandika j badala ya i, kama wafanyavyo wahandisi wa umeme ambao herufi i kwao ni ya mkondo, na hilo lilihitaji dakika chache tu za maelezo. Yaliyotukwamisha yalikuwa mawili, na yote ni ya aina ambayo mchoro unaonekana mzuri huku ukidanganya.

La kwanza ni kwamba duara lilitokea likiwa bapa kama yai. Programu ya kuchora hutumia nafasi yenye upana wa inchi 6.4 na kimo cha inchi 4.8 usipoiambia vingine, na huinyoosha mihimili ili ijaze nafasi hiyo. Katika grafu ya bei za mazao hilo halina madhara. Katika bapa la namba changamano ni kosa kubwa, kwa sababu pembe ndiyo nusu ya maana ya namba, na kizio cha mlalo kikitofautiana na cha wima kila pembe inapotoka. Mstari mmoja wa kuamuru vizio viwe sawa uliliponya, na ninawashauri wanaofundisha somo hili wauandike mstari huo kabla ya mwingine wowote.

La pili lilitula saa mbili. Tulitaka kila nukta ichorwe kwa mshale wenye urefu na pembe, na pembe tuliitafuta kwa kugawa sehemu ya kufikirika kwa sehemu halisi, kisha kutafuta ni pembe gani yenye tanjiti hiyo. Mishale mitatu ilitokea yote upande wa kulia wa mhimili wa wima. Tulijua kuna kasoro kabla ya kujua ni ipi, kwa kuwa vipeuo vitatu vya namba moja hupishana digrii 120 na ni lazima vikizunguke kitovu kwa usawa. Nikawaeleza kwamba nukta tatu zikiwa zimejumlishwa ni lazima zitoe sifuri, nazo hazikutoa.

Sababu ni kwamba mgawanyo hupoteza alama. Cha pili kati ya vipeuo vile vitatu ni −1.866 + 1.232i. Ukigawa 1.232 kwa −1.866 unapata hasi, na kompyuta haiwezi kujua ni ya juu iliyokuwa hasi au ya chini. Inatoa digrii −33.43, ambayo iko upande wa pili kabisa wa kitovu, badala ya 146.57. Cha mwisho kati ya vile vitatu, −0.134 − 2.232i, kina alama hasi mbili zinazofutana, hivyo kilitupwa juu kwenye robo ya kwanza. Tanjiti iliyogeuzwa hutoa majibu kati ya digrii −90 na 90 tu, na nusu nzima ya kushoto ya bapa haifikiki. Dawa ni kutumia amri inayopokea sehemu zote mbili kila moja peke yake, bila kuzigawa kwanza. Wanafunzi waliwahi kukatwa alama kwa kosa hilohilo kwenye karatasi. Leo wameliona likiitupa nukta ng'ambo ya kitovu.

Jumanne

Duara dogo, la nusukipenyo 2.24, limechorwa vizuri. Duara kubwa, la nusukipenyo 11.18, lilikataa: uzi wa nailoni ulivutika mkononi na mstari ukatoka nje kwa karibu nusu sentimita. Tumefuta, tukatumia waya wa kufungia nondo, likakaa.

Alhamisi

Vipeuo vitatu vimepigwa misumari. Kwa sentimita, kutoka kwenye kitovu, cha kwanza kiko 10 kulia na 5 juu. Cha pili 9.33 kushoto na 6.16 juu, cha tatu 0.67 kushoto na 11.16 chini. Uzi mwekundu unaoviunganisha unatoa pembetatu yenye pande tatu sawa, kila upande sentimita 19.4, na misumari yote iko juu ya duara dogo. Chini tumepiga pembetatu ya 2 − 11i kwa uzi wa bluu, ambayo ni ile nyekundu ikiwa imepinduliwa kuuvuka mhimili wa halisi, kama kivuli cha mnazi ndani ya maji yaliyotulia.

Iliyobaki ni kujumlisha kila msumari mwekundu na mwenzake wa bluu, na kujumlisha kwenye bapa ni kukamilisha msambamba: kutoka msumari mwekundu unakwenda umbali na mwelekeo uleule wa ule wa bluu, na unapofika ndiyo jumla. Kwa kuwa wenzi hao wana urefu sawa na wameachana sawasawa juu na chini ya mhimili, pande zote nne za msambamba ni sawa na ncha yake ni lazima iangukie juu ya mhimili wa halisi. Ndiyo sababu namba halisi inatokea mwishoni. Sehemu za kufikirika zinavuta kwa nguvu sawa pande mbili tofauti.

Msambamba wa kwanza, wa 2 + i na 2 − i, ulifika sentimita 20 kulia, yaani 4. Wa pili ulifika sentimita 18.66 kushoto, yaani −3.732. Wa tatu ulitusumbua, kwa sababu ncha yake iko sentimita 1.34 tu kushoto mwa kitovu na vichwa vya misumari ya inchi moja vilikuwa vikigusana. Tulibadilisha tukaweka misumari midogo ya fremu za picha. Inasoma −0.268.

Wanafunzi walikuwa wamesahau kwamba mlinganyo wa kipeo cha tatu unaweza kuwa na majibu matatu. Tangu juma la kwanza tulikuwa tukitaja 4 peke yake, na ubao ndio uliotupatia mengine mawili. Wakayahakiki kwa kikokotoo mmoja mmoja. Kwa −3.732, pande zote mbili za mlinganyo zilitoa −51.98. Kwa −0.268, kwa kutumia desimali zaidi, zote zilitoa −0.0192. Nikawaonyesha kwamba thamani kamili ni −2 − √3 na −2 + √3, kwa kuwa x³ − 15x − 4 inagawanyika kwa x − 4 na kubakiza x² + 4x + 1.

Kesho fundi atakuja na vibanio viwili vya ukutani. Nimemwomba asifute alama yake ya sentimita 60 kwenye mhimili wa halisi wala ile ya 80 kwenye kipande cha mbao, ambacho nimekipigilia juu ya ubao ili kibaki hapo. Ukivuta uzi kutoka kwenye kitovu kupitia 3 + 4i na kuuendeleza, unafika pale mstari wa wima kutoka alama ya kwanza na wa mlalo kutoka ya pili inapokutana.